Mwalimu Kezilahabi na Kitabu Kilichokatazwa Shuleni



Siku moja tulikuwa na darasa la kisomo hapa Chilangala. Msimu wa korosho ulikuwa umekwisha na watu walikuwa na nafasi kidogo. Tulikaa chini ya mwembe. Tulikuwa tumeleta kitabu cha hadithi ili wanakisomo wafanye mazoezi ya kusoma kwa sauti.

Mzee mmoja akanyosha mkono. Akasema: "Mwalimu, kitabu cha ubwiriunga nimekisoma, kimenifaa. Nimejua lini nipulize dawa kwenye mikorosho yangu. Kitabu cha kuhara nimekisoma, na nyumbani tunachemsha maji. Sasa hiki cha hadithi ni cha nini? Mtu huyu hakuwepo. Mambo haya hayakutokea. Kwa nini mtu mzima asome uongo?"

Watu walicheka. Lakini swali lile lilikuwa zuri, na sisi siku ile hatukulijibu sawasawa. Tulisema tu kwamba hadithi ni mazoezi ya kusoma. Hilo halikuwa jibu.

Leo tunataka kujibu. Tutaeleza maisha ya mtu mmoja aliyefanya kazi mbili kwa pamoja. Alikuwa mwalimu, na alikuwa mwandishi wa hadithi. Jina lake ni Euphrase Kezilahabi. Pia tutaeleza kosa moja tulilolifanya sisi wenyewe kwa sababu ya kitabu chake.

RIWAYA NI NINI?

Tuanze na neno lenyewe. Hadithi ndefu iliyoandikwa na kujaa kitabu kizima huitwa riwaya. Hadithi fupi unaweza kuisimulia usiku mmoja mkiota moto. Riwaya haimaliziki usiku mmoja. Inafuata maisha ya mtu kwa miaka mingi. Inaingia nyumbani kwake, shambani kwake, hata moyoni mwake.

Wazee wetu walikuwa na hadithi za sungura na fisi. Sisi sote tunajua kwamba sungura hasemi. Lakini mzee alipotusimulia habari za sungura mjanja na fisi mlafi, tulimjua fisi ni nani pale kijijini. Hatukumwambia babu kwamba anasema uongo. Riwaya nayo ni hivyo hivyo. Jina la mtu ni la kubuni, lakini tabia yake tumeiona.

MTOTO WA NAMAGONDO

Euphrase Kezilahabi alizaliwa mwaka 1944 katika kijiji cha Namagondo, Ukerewe. Ukerewe ni kisiwa kikubwa kuliko vyote vilivyomo ndani ya Ziwa Nyanza, ziwa ambalo wengi huliita Viktoria. Kutoka Newala kwenda huko ni kuivuka nchi nzima. Unatoka kona ya kusini mashariki, unakwenda mpaka kaskazini magharibi. Ukifika mjini Mwanza unapanda meli, unashuka Nansio, ndipo umefika Ukerewe.

Huko wenzetu wanavua samaki na kulima. Wanakula ugali wa muhogo kama sisi. Tofauti ni maji. Wao maji yamewazunguka pande zote. Sisi wa juu ya uwanda huu wa Makonde tunajua taabu ya kuyatafuta.

Lugha yake ya nyumbani ilikuwa Kikerewe. Kiswahili alijifunza kama wengi wetu hapa tulivyojifunza, baada ya lugha ya mama. Tunalisema hili kwa sababu wapo wanakisomo wanaoona haya. Wanasema, "Kiswahili changu kina Kimakonde ndani yake." Msione haya. Mtu aliyekuja kuwa mmoja wa waandishi wakubwa wa Kiswahili naye alitoka katika nyumba ya lugha nyingine.

Tena Ukerewe ina mwandishi mwingine ambaye habari zake zinatia moyo. Mzee Aniceti Kitereza aliandika kitabu kikubwa kwa Kikerewe kuhusu maisha ya mume na mke, Myombekere na Bugonoka. Alikimaliza mwaka 1945. Hakupata wa kukichapa. Alikitafsiri mwenyewe kwa Kiswahili, na kikachapwa mwaka 1980. Mwaka 1981 alifariki. Hesabuni wenyewe: alingoja miaka 35! Basi mtu asikate tamaa kwa kuwa amejua kusoma akiwa na mvi.

ANAKUWA MWALIMU

Kijana Kezilahabi alisoma katika seminari ya Nyegezi, karibu na Mwanza. Seminari ni shule ya Wakatoliki ambamo vijana huandaliwa kuwa mapadri. Lakini yeye hakuwa padri. Mwaka 1967 aliingia Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kujifunza ualimu na fasihi. Fasihi ni elimu ya hadithi, mashairi na michezo ya kuigiza.

Mnaukumbuka mwaka 1967? Wazee wanaukumbuka. Ndio mwaka wa Azimio la Arusha. Ndio mwaka ambao Mwalimu Nyerere alitoa maelezo yake juu ya Elimu ya Kujitegemea. Nchi nzima ilikuwa inajiuliza: Tunataka kuwa watu wa namna gani? Kezilahabi alikuwa chuoni wakati watu wanajiuliza hivyo. Alimaliza mwaka 1970, mwaka ambao Serikali iliuita Mwaka wa Elimu ya Watu Wazima. Akaenda kufundisha katika shule za sekondari.

Mwalimu anaona mengi. Anaona mtoto anayekuja shule na njaa. Anaona msichana aliyekuwa wa kwanza darasani, mara haonekani tena. Wengi wetu walimu tunayaona na kunyamaza. Kezilahabi aliyaandika.

HABARI ZA ROSA

Mwaka 1971 kitabu chake cha kwanza kilitoka. Kinaitwa Rosa Mistika. Jina hilo Wakatoliki hulitumia wanapomwomba Bikira Maria, na maana yake ni waridi la fumbo. Waridi ni ua zuri. Lakini Rosa wa kitabuni ni msichana wa kijijini, na kijiji chenyewe ni Namagondo, pale pale alipozaliwa mwandishi.

Baba yake Rosa anaitwa Zakaria. Ni mlevi na ni mkali. Anampiga mke wake na anampiga binti yake. Hataki Rosa aonekane na mvulana hata kwa salamu. Anaona kwamba akimfungia na kumchapa, binti atakuwa na adabu. Mama, jina lake Regina, ni mpole na anateseka. Lakini hana nguvu mbele ya mume.

Rosa ana akili. Anafaulu na kwenda shule ya bweni. Huko fimbo ya baba haipo. Na kwa kuwa nyumbani hakuna aliyewahi kukaa naye na kumweleza habari za wavulana, za mwili wake, wala za hatari za dunia, Rosa hajui ashike njia gani. Anakuwa kama ndama aliyefungwa kamba siku zote, kisha kamba ikakatika. Anaangukia mikononi mwa wanaume, na baadhi yao ni watu wenye vyeo ambao walipaswa kumlinda. Mwisho anajaribu kurudi katika njia nzuri na kupata mchumba. Mchumba anapogundua habari zake za nyuma, anamkataa. Rosa anajiua.

Hadithi inaumiza. Mtu akimaliza kuisoma anabaki na swali moja: Nani aliyemwua Rosa? Ni yeye mwenyewe? Ni baba na fimbo yake? Ni mama aliyenyamaza? Ni wale wakubwa? Ni mchumba? Mwandishi hakutupa jibu mkononi kama sumni. Ametuachia sisi tujadili.

KWA NINI KILIKATAZWA?

Kitabu kilipotoka, kelele zilikuwa nyingi. Wapo waliosema kinawafundisha vijana uasherati, kwa sababu kinaeleza waziwazi mambo ambayo hayasemwi mbele za watu. Kikakatazwa kusomwa shuleni.

Hebu tuwe wa haki. Waliokikataza hawakuwa watu wabaya. Walikuwa na hofu ya mzazi. Hata kwetu huku, mambo ya wakubwa yana mahali pake na watu wake wa kuyasema. Yanasemwa unyagoni na jandoni, na kungwi ndiye anayeyasema. Hayasemwi na baba kwa binti yake. Mtu akiyakuta katika kitabu anashtuka.

Lakini waliokitetea walisema hivi: Rosa hakuharibiwa na kitabu. Rosa hakusoma kitabu cho chote kama hicho. Aliharibiwa na kimya cha nyumbani. Je, tukiwaficha mabinti zetu habari za Rosa, tumewalinda, au tumewafanya kuwa akina Rosa?

Miaka ikapita. Kitabu kile kile kikaja kuruhusiwa, tena kikawa miongoni mwa vitabu vya kusomwa katika shule za sekondari. Ni watu waliobadili maoni yao, kitabu hakikubadilika.

KOSA LETU

Sasa tueleze kosa letu.

Tulipata nakala moja ya Rosa Mistika. Tukaamua kuisoma kwa sauti darasani, kidogo kidogo, jioni mbili kwa wiki. Watu waliipenda. Walikuja mapema wakiuliza, "Leo Rosa atafanya nini?" Hata yule mzee wa ubwiriunga alikuja. Alikaa nyuma, lakini alikuja.

Tukafika mahali pagumu. Mbele yetu walikaa wazee, na mtu na mkwewe walikuwa darasa moja. Tukaona haya. Tukaruka kurasa kadhaa, tukaendelea kama kwamba hakuna kilichotokea. Tulidhani hakuna aliyejua.

Kumbe mama mmoja alikuwa akifuata. Mama huyu alianza kisomo bila kujua a wala be. Alipopata cheti chake alikuwa na nguvu ya kusoma peke yake. Baada ya darasa akakiazima kitabu, akaenda nacho nyumbani. Siku nne baadaye alikirudisha. Hakusema neno mbele ya watu. Alingoja mpaka wenzake wametoka.

Akasema, "Mwalimu, mbona uliruka?"

Tukajibu kwamba tulichelea kuwaaibisha watu.

Akanyamaza kidogo. Kisha akasema: "Haya uliyoyaruka ndiyo yaliyompata binti yangu. Alikuwa darasa la saba. Na mimi nilinyamaza kwa sababu ya aibu hiyo hiyo. Nilisema somo wake atamwambia. Somo naye alisema mama yake atamwambia."

Hatukuwa na la kujibu. Tulikuwa tumesomea kazi hii chuoni miaka miwili, tukajifunza namna ya kuwafundisha watu wazima, na kumbe tumemfanya mtu mzima kuwa mtoto mdogo. Tulimchagulia la kusoma na la kutosoma, wakati yeye ndiye aliyekuwa na haja na kurasa zile kuliko sisi.

Wiki iliyofuata tulirudi nyuma. Tuliomba radhi kwa darasa zima, bila kumtaja mama yule. Tukauliza: tuzisome kurasa tulizoziruka, au tusizisome? Wanawake wakashauriana, wakaomba wakae peke yao na mmoja wao awasomee. Wanaume nao wakasoma peke yao. Kisha wote walikutana na kuzungumza habari za Zakaria. Mazungumzo yale yalikwenda mpaka giza likaingia. Baba mmoja alisema Zakaria alikuwa na haki ya kuwa mkali. Mwingine akamjibu, "Ukali sawa. Lakini je, alipata kuzungumza na mtoto hata siku moja?"

Hapa tuongeze habari moja ya maana. Tangu Novemba 2021 Serikali imeruhusu wasichana walioacha shule kwa sababu ya kujifungua warudi shuleni. Kama unaye binti wa namna hiyo, usimfiche ndani. Nenda naye kwa mwalimu mkuu au kwa afisa elimu wa kata yako, ukaulize. Mchumba alimkataa Rosa, akaona hakuna njia. Binti yako njia anayo.

MASHAIRI YASIYO NA VINA

Tuendelee na safari ya mwalimu wetu. Mwaka 1974 alitoa kitabu cha mashairi. Kinaitwa Kichomi, yaani yale maumivu makali ya kuchoma ubavuni. Nacho kilileta ugomvi, ila ugomvi wa namna nyingine.

Ili tuuelewe, tutazame shairi la desturi linavyotengenezwa. Hii hapa mistari miwili tuliyoitunga wenyewe:

Mikorosho yachanua, shamba lote lapendeza,
Mkulima anajua, kazi yake aiweza.

Someni polepole na kuhesabu sauti kwa vidole: mi-ko-ro-sho-ya-cha-nu-a. Ni nane. Sha-mba-lo-te-la-pe-nde-za. Ni nane tena. Hesabu hiyo inaitwa mizani. Sasa angalieni miisho. Yachanua na anajua zinaishia kwa sauti moja. Lapendeza na aiweza zinaishia kwa sauti moja. Hivyo ndivyo vina.

Kwa miaka mingi washairi wa Kiswahili walisema: shairi lisilo na vina na mizani si shairi. Kezilahabi hakufuata hivyo. Aliandika mashairi ambayo mistari yake ina urefu mbalimbali, maneno yake yanakwenda kama mtu anavyosema. Washairi wakongwe walikasirika. Walisema ameharibu mali ya mababu. Yeye na wenzake vijana walisema kwamba lugha ni ya watu wote, na mtu hawezi kulazimishwa kufikiri kwa hesabu ya nane nane.

Nani alishinda? Hakuna aliyeshinda. Leo mashairi ya namna zote mbili yanaandikwa, na yote yanafundishwa shuleni. Nyumba imeongezwa chumba, haikubomolewa.

Tusidhani kwamba aliwadharau waliomtangulia. Mwaka 1976, alipokuwa akichukua shahada ya pili, alichagua kuandika juu ya riwaya za Shaaban Robert, mwandishi wetu mkubwa aliyefariki mwaka 1962. Alimsoma mzee kwanza, kisha akashika njia yake mwenyewe.

VITABU VYA WAKATI WA UJAMAA

Wakati huo alikuwa amekwisha kurudi Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, safari hii kama mwalimu. Alifundisha na kuandika. Mwaka 1974 ilitoka riwaya ya Kichwamaji, habari za msomi aitwaye Kazimoto. Elimu yake ni kubwa lakini haimpi raha, na anaona maisha hayana maana. Mwaka 1975 ikatoka Dunia Uwanja wa Fujo. Humo yumo kijana Tumaini, anayechezea maisha, baadaye anatulia na kuwa mkulima mkubwa. Halafu siasa ya ujamaa inalifikia shamba lake, na mambo yanaishia kwenye damu.

Mwaka 1979 ikatoka Gamba la Nyoka. Hiyo tungependa kila mzee wa hapa aisome. Inaeleza jinsi watu wa vijijini huko Ukerewe walivyohamishiwa katika vijiji vya ujamaa. Wapo vijana wawili wasomi, Mambosasa na Mamboleo. Wapo wazee wasiotaka kuyaacha makaburi na miti yao. Wapo viongozi wenye haraka.

Sisi wa kusini jambo hili halihitaji kuelezwa sana. Wapo kati yenu waliokuwa watoto siku zile. Ng'ambo ya Ruvuma kulikuwa na vita vya ukombozi wa Msumbiji, na huku watu walikusanywa vijijini. Wengine walikwenda kwa hiari. Wengine walikwenda kwa sababu hawakuwa na hiari. Mikorosho mingi iliachwa mbali na nyumba, ikawa vichaka. Lakini pia shule na zahanati zilikuja karibu, na wengi walipata kisomo kwa sababu hiyo. Mambo yote mawili ni ya kweli.

Jina la kitabu lina fumbo. Nyoka hujivua gamba. Gamba la zamani linabaki njiani, naye anaonekana mpya, anang'aa. Lakini je, si nyoka yule yule? Mwandishi anatuuliza: tulipobadili majina ya mambo, je, na mioyo yetu ilibadilika?

Kusema hivyo wakati ule kulihitaji moyo. Aliandika pia mchezo wa kuigiza unaoitwa Kaptula la Marx, unaowacheka viongozi waliovaa mawazo ya watu wengine kama mtu aliyevaa kaptula kubwa isiyomtosha. Aliuandika mwishoni mwa miaka ya 1970, lakini ulichapwa mwaka 1999. Miaka yote hiyo katikati, kitabu kilikuwa hakijatoka. Basi Kezilahabi naye alijifunza kungoja, kama mzee Kitereza.

SAFARI ZA MBALI

Baadaye alikwenda Marekani, katika Chuo Kikuu cha Wisconsin. Huko alipata shahada ya udaktari mwaka 1985. Huu si udaktari wa sindano. Ni cheo cha juu cha elimu. Alirudi nyumbani, akaendelea kufundisha. Alitoa mashairi mengine, Karibu Ndani, mwaka 1988. Halafu akaandika riwaya mbili fupi, Nagona na Mzingile. Mzingile ni njia zinazozungukazunguka mpaka mtu apotee. Riwaya hizo ni ngumu hata kwa wasomi. Msianze nazo.

Mwaka 1995 alikwenda kufundisha katika Chuo Kikuu cha Botswana, nchi ya kusini mwa Afrika. Hata akiwa huko ugenini, aliendelea kuandika kwa Kiswahili. Mashairi yake yanayoitwa Dhifa yalitoka mwaka 2008. Angeweza kuandika riwaya zake kwa Kiingereza, akasomwa Ulaya na kupata sifa upesi. Alichagua lugha ambayo mama wa Chilangala anaweza kuisoma.

Profesa Kezilahabi alifariki Januari 2020. Alikuwa na umri wa miaka 75.

JIBU KWA MZEE

Sasa turudi kwa mzee wetu wa ubwiriunga. Aliuliza kwa nini mtu mzima asome uongo.

Mzee, kitabu cha ubwiriunga kinakuonyesha ugonjwa wa mkorosho. Unautazama ule unga mweupe kwenye maua, unaujua jina lake, unajua la kufanya. Na nyumba nayo ina magonjwa yake. Yapo mambo yanayokula mabinti zetu, na ndoa zetu, na vijiji vyetu, na hatuyaoni kwa sababu yamo ndani yetu. Zakaria hajui kwamba yeye ni Zakaria. Akisoma habari za Zakaria mwingine, wa kisiwani huko mbali, anaweza kustuka na kusema, "Aa! Huyu mbona kama mimi?" Hakuna aliyemtaja jina. Hakuna aliyemwaibisha barazani. Amejiona mwenyewe, kimya kimya, na kitabu mkononi.

Hatusemi kila kilichomo katika vitabu vya Kezilahabi ni sawa. Kuna mahali anakata tamaa mno. Kuna watu wake wanaojiua, na sisi hatukubali kwamba kufa ni njia. Mtu akizidiwa na mambo aseme na ndugu, au jirani, au mganga wa zahanati. Lakini haya yote tunaweza kuyabishania kwa sababu tumesoma. Asiyejua kusoma huambiwa tu, "Kitabu kile kibaya," naye hana budi kukubali.

Hilo ndilo mama yule alilotufundisha sisi tunaoitwa walimu. Mtu akishajua kusoma, hakuna tena wa kumrukia kurasa.

MANENO MAGUMU

Riwaya: hadithi ndefu ya kubuni inayojaa kitabu kizima.
Fasihi: kazi za sanaa ya maneno, kama hadithi, mashairi na michezo ya kuigiza.
Vina: sauti zinazofanana katika miisho ya sehemu za mstari wa shairi.
Mizani: hesabu ya sauti katika mstari wa shairi.
Gamba: ngozi ya nje ambayo nyoka huivua.

MASWALI YA KUZUNGUMZA KATIKA DARASA

1. Kwa maoni yenu, nani mwenye kosa zaidi katika habari za Rosa? Toeni sababu.
2. Hapa kijijini kwetu, nani anapaswa kuzungumza na binti anayeanza kukua? Je, anazungumza kweli, au kila mmoja anamngoja mwenzake?
3. Je, ilikuwa haki kukataza kitabu kisisomwe shuleni? Kama wewe ungekuwa mwalimu mkuu, ungefanyaje?
4. Wazee: wasimulieni vijana jinsi mlivyohamia kijijini. Kijana mmoja aandike mnayosema, kisha awasomee mlivyosema, ili muone kama ameandika sawa.